Sinema ya Mkwe Asiyeonekana

Nilikuwa Kenyatta Market nikisukwa wakati stima ilipopotea. Jenereta ya duka la jirani ikakohoa, ikakataa, ikakohoa tena, hatimaye ikawaka, na harufu ya petroli ikaingia kibandani ikachanganyika na ya mafuta ya nywele na moshi wa nyama choma. Mmoja wa wasusi wangu wawili, msichana anayeitwa Shiru, alikuwa ameegemeza simu yake kwenye kioo ili mikono iendelee na kazi huku macho yakistarehe. Simuni palikuwa na sinema ya zamani sana, ile nyeusi na nyeupe isiyo na sauti, ambamo watu hutembea mbiombio kana kwamba wamekanyaga makaa. Kofia ilikuwa ikipita barabarani yenyewe, bila kichwa chini yake, na askari wawili wanene wakiifukuza.

"Cheki hii, auntie," Shiru alisema. "Kofia inajitembelea! Na hiyo time hakukuwa na computer. Walifanya aje?"

"Kamba," nilimwambia. "Kamba nyembamba, kamera haiioni."

"Ai, sasa umeniharibia."

Nimewahi kusoma kidogo kuhusu vichekesho hivyo vya mwanzo. Ukitaka mtu atoweke, ulisimamisha kamera, mwigizaji akajiondokea, ukaiwasha tena. Ukitaka nguo zitembee bila mwili, ulimfunika mtu kwa kitambaa cheusi mbele ya pazia jeusi. Watengenezaji wa sinema za enzi ile waliupenda mchezo huo kupita kiasi, nadhani kwa sababu ulikuwa rahisi. Kumwonyesha mtu vizuri ndiko kugumu. Haya yote nimeyajua ukubwani, na hayajanisaidia sana, kwa maana mimi nilikwisha kumwona mtu asiyeonekana, na alikuwa baba yangu.

Tulikuwa tukiishi Uthiru, kwenye ploti ya vyumba vya mabati vilivyotazamana, bomba moja la maji katikati. Chumba chetu kilikuwa kimoja, kimegawanywa kwa pazia la maua. Baba alikuwa fundi wa rangi. Alipaka nyumba za watu Lavington na Kileleshwa, na jioni alirudi na nukta nyeupe kwenye nyusi na harufu ya tapentaini ambayo sabuni haikuiondoa. Mama alikuwa mfanyakazi wa nyumbani huko huko Lavington. Mimi nilikuwa mtoto wao wa pekee wakati huo, nimeanza shule juzi juzi, na nilijiona mtu mwenye akili nyingi.

Mara mojamoja gari la sinema lilikuja kuegeshwa kwenye uwanja wa shule. Lilikuja kuuza sabuni na mafuta ya kupikia, na sinema ilikuwa chambo tu. Shuka jeupe lilifungwa kwenye milingoti ya goli, jenereta ikanguruma, na giza lilipoanza kuingia bwana mmoja mwenye kipaza sauti akasimama kando kuwasemea watu wa kwenye shuka, kwa kuwa wao wenyewe hawakuwa na sauti. Wanaume, wanawake, watoto na mbwa, wote walizungumza kwa sauti ya bwana huyo, na hakuna aliyelalamika.

Siku ninayoikumbuka, Baba alinibeba mabegani. Sinema ilimhusu bwana mmoja mwembamba, suruali fupi, shingo ndefu. Gari la farasi likasimama mlangoni pake, akashuka mwanamke mkubwa mwenye masanduku mengi na unyoya kwenye kofia.

"Mama mkwe amefika!" bwana wa kipaza sauti akapiga kelele. "Haya, mheshimiwa, leo utaingia wapi?"

Mheshimiwa akaingia chini ya kitanda, akatoka. Akaingia ndani ya pipa, akatoka. Mwishowe akajitupa kwenye chumba cha jirani aliyekuwa daktari, akakuta chupa mezani, akainywa yote. Miguu ikatoweka kwanza, kisha tumbo, kisha kichwa, ikabaki kofia inayoning'inia hewani. Kutoka hapo mambo yakawa mambo. Birika lilijimimina lenyewe. Kiti kilisogea mpaka nyuma ya mama mkwe, akaketi asijue nani amemsogezea. Mwavuli wake ulipanda ukutani ukajitundika.

Nina hakika waliotengeneza sinema ile walitaka tumcheke mwanamume anayemwogopa mama wa mkewe. Sisi watoto tulicheka hadi tukashika mbavu. Lakini Uthiru ya wakati ule ilijaa watu wa kwetu, waliotoka magharibi kuja kutafuta vibarua, na wanaume wale waliitazama kwa macho mengine kabisa. Hawakucheka. Waliridhika.

"Huyo mzungu ako na adabu," mmoja alisema nyuma yetu.

"Ameona mama ya bibi, akatoka," mwenzake akajibu. "Hivyo ndio inatakikana."

"Hata kiti amempea. Na hajamuangalia uso."

Nilihisi mabega ya Baba yakitikisika kwa kukubali. Ndipo sinema ikaharibika. Mama mkwe aliikazia macho ile kofia hewani, akatabasamu, akaanza kuiendea huku amefungua mikono, na ikawa wazi anataka kumkumbatia huyo aliye chini yake. Mwanamke mmoja aliyekuwa mbele yetu alijifunika uso kwa leso. Kiganja cha Baba kikapanda, kikanifunika macho.

"Twende nyumbani," alisema. "Hii sasa imekuwa matusi."

Tukaondoka, na hatukuwa peke yetu. Kwa hiyo mwisho wa sinema ile sikuuona. Sikujua kama dawa ile ilimtoka yule bwana au ilimkaa maisha. Nilimuuliza Baba njiani, akaniambia ni sinema tu, jibu ambalo watu wazima hutoa wanapokuwa hawajui.

Haukupita muda mrefu Kukhu akaja. Kukhu ni nyanya, na huyu alikuwa mama mzazi wa Mama. Alikuwa na mtoto wa jicho katika macho yote mawili, na huko nyumbani alikuwa ameanza kujigonga kwenye nguzo na kumimina uji nje ya kikombe. Mama alikuwa amepata nafasi kwenye hospitali moja ya macho katikati ya jiji. Nafasi yenyewe haikuwa rahisi kupata, na tuliambiwa kwamba anayekosa siku yake hurudi mwisho wa foleni, nayo foleni ilikuwa ya mwaka na zaidi. Hilo lilirudiwa sana nyumbani, mpaka mimi nikaanza kuiota hiyo foleni.

Sasa inabidi nieleze jambo ambalo mimi sikuelezwa. Kwetu, mwanamume na mama wa mkewe hawatazamani. Hawapeani mikono, hawali pamoja, hawalali chini ya paa moja. Wakikutana njiani mmoja hugeuka. Wala hawachukiani. Ni heshima, kubwa kiasi kwamba haina pa kuwekwa isipokuwa katikati yao, na kwa hiyo lazima katikati yao pawe na nafasi. Baba alipokwenda na wazee wake kumposa Mama, Kukhu alikaa jikoni amegeuzia mlango mgongo. Alimfahamu mkwe wake kwa kikohozi na kwa vishindo vya miguu, basi. Na chumba cha kupanga Uthiru hakina jikoni ya kukimbilia.

Basi siku Kukhu alipoingia, Baba akatoka. Alikwenda kulala Mutuini, kwa binamu yake Wafula, aliyekuwa akilinda nyumba ya mtu iliyokuwa bado inajengwa. Mama na mimi na Kukhu tukabaki nyuma na mbele ya pazia. Hakuna aliyeniambia lolote, kwa sababu watu wazima hudhani mtoto huzaliwa akiyajua mambo haya, kama anavyozaliwa akijua kulia. Nilichokiona mimi ni hiki: mama mkwe amefika na masanduku yake, yaani kikapu na kuku, na mwanamume wa nyumba ametoweka. Koti lake limebaki kwenye msumari.

Halafu zikaanza dalili. Asubuhi tuliamka tukakuta mitungi ya maji imejaa mlangoni. Nyama iliyofungwa kwenye gazeti ilikutwa dirishani. Mguu wa kiti uliokuwa umelegea, tuliporudi kutoka kanisani, ulikuwa umepigwa msumari. Mama aliviokota vitu hivi bila kushangaa, na Kukhu alisema, "Aliyeleta abarikiwe," akiwa ametazama ukuta. Birika tu ndilo lililokuwa bado halijajimimina lenyewe.

Mimi na Mama tulimwona Baba, hilo lilinichanganya kidogo. Jioni nyingine alisimama kwenye geti la ploti akakohoa, nami nikatoka mbio. Alininunulia mandazi, akaniuliza habari za shule, akaenda zake. Lakini Kukhu hakumwona, na hili nililithibitisha. Jumamosi moja alikuwa ameketi mlangoni akichambua maharagwe kwa vidole, na Baba, akidhani yuko ndani, aliingia ploti kuchukua brashi zake. Akasimama ghafla kama mtu aliyekanyaga msumari. Alikuwa mbele ya Kukhu kabisa, mchana kweupe, mrefu, na nukta za rangi kwenye nyusi. Kukhu alivuta leso usoni, akaendelea na maharagwe. Majirani waliokuwa bombani waliendelea kufua. Baba akarudi kinyumenyume, taratibu, hadi nje ya geti.

Nilikwenda kwa Mama Mutua. Huyu alikuwa jirani yetu wa mlango wa pili, Mkamba mwenye mwili mkubwa na majibu ya haraka, na nilimwamini kuliko mwalimu.

"Mama Mutua, kwa nini Kukhu haoni Baba?"

"Baba yako hawezi onekana hapa saa hii," alisema, akisonga ugali. "Hata kwetu Ukambani iko hivyo. Mama ya bibi akikuja, mwanaume anapotea."

"Anapotea kabisa?"

"Kabisa. Akionekana ni aibu."

Nilihitaji nini tena? Niliporudi niliinama chini ya kitanda nikaikagua chupa ya tapentaini. Ilikuwa imepungua. Ilipungua kila wiki, bila shaka, kwa kuwa Baba aliosha brashi nayo, lakini sikuwahi kuipima kwa jicho hilo hapo awali.

Kilichonitia hofu si kutoweka kwenyewe. Ni kwamba kulikuwa kunazidi. Kwanza alikuwa haonekani kwa Kukhu tu. Kisha akawa haonekani usiku. Kisha Jumapili, kwa sababu walipata kazi ya haraka Kileleshwa, naye hakuja getini. Nilikuwa nimeona kwenye shuka jinsi dawa inavyofanya kazi: miguu, tumbo, kichwa. Nilihesabu kwamba baada ya Kukhu angefuata Mama, na baada ya Mama ningefuata mimi, na siku moja angekohoa getini nami nitoke nikakute hewa. Nilikuwa ninampenda baba yangu kupita kitu chochote kile, na nililala nimeshika mkono wa koti lake pale msumarini.

Njia ya kumrudisha niliigundua mwenyewe, na mpaka leo siioni kama ya kijinga. Kukhu alikuwa na macho mabovu. Macho yake yakitengenezwa yatakuwa na nguvu mpya, atamwona Baba, na mtu akishaonwa na mama mkwe mchezo umekwisha. Kwa hiyo siku ya hospitali haikuwa ya Kukhu peke yake. Nilianza kuuliza imebaki siku ngapi mara nyingi kiasi kwamba Mama alimwambia Mama Mutua jinsi nilivyo na huruma kwa nyanya yangu.

Mama ndiye aliyekuwa ampeleke. Jioni ya kuamkia siku hiyo hakurudi. Mwajiri wake alikuwa amepata safari ya ghafla akamwachia watoto, na hakukuwa na wa kumpokea. Baba ndiye aliyeleta habari. Alisimama nje ya dirisha, kando, akasemea ukuta.

"Nekesa, ambia Kukhu mama yako amefungiwa kazi. Kesho hawezi kuja."

Nilimwambia Kukhu. Vidole vyake vilitembea kwenye pindo la leso.

"Mwambie aliye nje," akasema kwa lugha yetu, "kwamba basi nitarudi nyumbani. Macho haya yamenizoea."

Nilitoka nje nikamshika Baba suruali kwa mikono yote miwili nikamwambia lazima aende, lazima, lazima, na nikalia kwa sauti ambayo ploti yote iliisikia. Baba alinitazama akidhani nalilia macho ya Kukhu. Akavua kofia yake, akaivaa tena.

"Mwambie," alisema, "kesho mapema kutakuwa na mtu anatembea mbele. Wewe umshike Kukhu mkono, mfuate huyo mtu. Usimpoteze. Shule utakosa siku moja."

Ndivyo tulivyokwenda. Baba mbele, mimi na Kukhu nyuma, umbali wa nyumba mbili hivi kati yetu. Kwenye basi alikaa kiti cha mbele kabisa, sisi cha nyuma. Tuliposhuka mjini nikashikilia macho yangu kwenye kofia yake, kofia ya kaki yenye madoadoa ya rangi, iliyokuwa ikielea juu ya vichwa vya watu wanaokwenda kazini. Kukhu alinishika mkono kwa nguvu. Alikuwa akiuliza kila kelele ni ya nini.

"Tunamfuata nani?" aliniuliza, ingawa alijua vizuri.

"Kofia," nikasema.

"Inakwenda vizuri?"

"Inakwenda vizuri."

Tulifika kwenye barabara pana. Kofia ikavuka. Nikasubiri kidogo, nikaona pengo kati ya magari, nikamvuta Kukhu. Tulikuwa katikati ya barabara basi lilipopiga honi, sauti ndefu ya karibu sana, na mimi nilifanya alichofanya mwili wangu: niliuachia ule mkono nikakimbia kwa Baba. Nilipogeuka, Kukhu alikuwa amesimama peke yake katikati ya jiji la Nairobi. Fimbo yake imeanguka, mikono mbele, anageuka kila upande honi inapotoka, na magari yakimpita huku na huku. Alikuwa mfupi sana pale. Sikuwa nimewahi kuona jinsi alivyo mfupi.

Baba alinipita. Aliingia barabarani ameinua mkono, akamfikia, akageuza uso wake pembeni kabisa, kama mtu anayebeba kitu kinachowaka, akamnyanyua mama mkwe wake mikononi. Miguu ya Kukhu ilining'inia. Leso ilimtoka kichwani ikaanguka. Baba alimleta mpaka kando, akamsimamisha ukutani, akaachia, akaruka nyuma hatua kadhaa. Sijawahi kumwona mtu ameogopa vile, na sasa najua magari yalikuwa sehemu ndogo tu ya woga ule. Kuna mambo yakitendeka kati ya wakwe, lazima wazee waitwe.

Nilikimbia nikaokota leso na fimbo. Kukhu alijifunika kichwa, akapangusa mabega, akashika ukuta.

"Nekesa," alisema. "Nani amenigusa?"

Nilimtazama Baba. Alikuwa ameinamisha kichwa akitazama viatu vyake, anasubiri hukumu. Mimi nilikuwa najua sheria za jambo hili kutoka kwenye sinema. Asiyeonekana akigunduliwa hufukuzwa na miavuli, au hukumbatiwa, na hilo la pili lilikuwa matusi. Macho ya Kukhu yalikuwa bado hayajatengenezwa. Wakati ulikuwa haujafika.

"Hakuna mtu, Kukhu," nikasema.

Alisimama akisikiliza. Nilidhani hajaniamini. Kisha pembe za mdomo wake zikasogea.

"Hakuna mtu," alirudia polepole. "Sawa. Huyo hakuna mtu ananuka rangi." Akanyoosha mkono niushike. "Twende, tusichelewe."

Nimewahi kuwaeleza watu kisa hiki, nao husifu jinsi nilivyokuwa mtoto mwerevu, kwamba nilitafuta neno la kuwaokoa wote wawili. Sikutafuta chochote. Nilisema nilichoamini. Lakini wazee hawakuitwa, mbuzi hakuchinjwa, na jambo lile halikutajwa tena nyumbani kwetu na yeyote kati yao.

Hospitalini Baba alibaki nje ya lango. Nesi, mwanamke mwenye saa kubwa iliyobanwa kifuani, alitoka kumwita.

"Ni wewe umeleta huyu mama? Ingia nikuonyeshe venye atawekewa dawa."

"Siwezi kuingia, sista."

"Huwezi aje? Si ni mama yako?"

"Ni mama ya bibi yangu."

"Aaa." Nesi alimtazama juu mpaka chini, akageuka. "Basi mtoto, kuja wewe."

Hivyo mimi ndiye niliyefundishwa matone, na nilijaa fahari. Walimfanyia jicho la kulia peke yake. Kukhu alilazwa, mimi nikarudi na Baba mpaka kwa Mama Mutua, aliyenilaza kwake, maana Mama hakuwa amerudi na Baba hakutaka kulala palipolala Kukhu. Asubuhi Baba akanijia, tukaenda tena, na mara hii nilitembea kando yake nimemshika kidole, maana hapakuwa na wa kumficha. Langoni akasimama. Alitafuta mahali nyuma ya ua wa miti ya michongoma, akajiweka pale.

"Ingia," aliniambia. "Mimi niko."

"Hata wewe uingie. Leo atakuona."

"Ndio maana siingii," akasema.

Sikumwelewa, na nilikasirika. Nilikuwa nimepanga kila kitu, na yeye anaharibu dakika ya mwisho. Niliingia nimenuna. Kukhu alikuwa ameketi ukingoni mwa kitanda, amevaa viatu tayari, bandeji juu ya jicho. Nesi akaitoa taratibu, akalipangusa jicho kwa pamba, akamwambia afungue.

Kukhu alifungua. Alitazama saa ya nesi. Alitazama dirisha, na shuka la kitanda, na mikono yake mwenyewe, akaigeuza nyuma na mbele akasikitika kuona ilivyozeeka. Kisha akaniona mimi nimesimama na uso wangu wa hasira. Nilipokuwa mchanga alikuwa bado anaona, lakini tangu nianze kuwa na sura yangu alikuwa ananijua kwa sauti tu.

"Sogea hapa," aliniambia. "Simama kwenye mwanga."

Alinishika kidevu akanielekeza dirishani. Alinitazama kwa muda mrefu, jicho lile moja jekundu likitoa machozi, kidole gumba chake kikipita usoni mwangu polepole.

"Macho ni ya mama yako," alisema. "Pua umechukua yangu, pole sana. Mdomo ni wa dada yangu aliyekufa." Kidole kikapanda. "Lakini paji hili si la kwetu. Kwetu hakuna paji pana hivi. Na masikio haya, yanasimama, si ya kwetu. Hebu cheka."

Sikutaka kucheka, lakini nilicheka.

"Na mwanya huu," akasema. "Huu pia umetoka kwingine."

Aliviweka vile vitu pamoja, niliona akiviweka: paji, masikio, mwanya. Kisha akanishika uso kwa viganja vyote viwili, akanitazama kama vile mimi sipo na kuna mtu mwingine nyuma yangu, mtu ambaye alikuwa amemngoja tangu siku ile aliyokaa jikoni amegeuzia mlango mgongo.

"Kumbe ndivyo alivyo," akasema. "Mtoto wangu ameolewa na mtu mzuri. Sasa nimemwona."

Nilichomoka. Nilikimbia kwenye korido, nikapita watu waliofungwa bandeji, nikatoka langoni napiga kelele.

"Baba! Baba! Kukhu amekuona!"

Baba aliinama nyuma ya michongoma kama amerushiwa jiwe. "Ameniona wapi? Mimi niko huku!"

"Hapa," nikasema, nikamwonyesha uso wangu. Nikamwambia yote, paji na masikio na mwanya, na kwamba Mama ameolewa na mtu mzuri, na kwamba sasa Kukhu amemwona.

Baba alichuchumaa mbele yangu. Alinitazama kana kwamba nimevaa kitu chake na ndiyo mara ya kwanza anakiona. Akatoa kitambaa mfukoni, akatafuta pembe isiyo na rangi, akailowesha kwa mate. Akanipangusa vumbi kwenye paji, nyuma ya masikio, pembeni mwa mdomo, bila haraka, jinsi alivyokuwa akipangusa ukuta kabla ya kuupaka.

"Rudi ndani," akaniambia. "Simama pale karibu na dirisha. Wacha anione vizuri."